Faida ya Asilimia 2,900: Mhadhara wa Bingwa wa Marejesho

Elimu ya uwekezaji, ambayo kwa muda mrefu iliachwa mikononi mwa wahasibu, mameneja wa benki na watu wengine wasio na maono, hatimaye imempata mtetezi inayemstahili, naye ni mhadhiri wa mada hii, Bingwa wa Marejesho, cheo ambacho hakutunukiwa na chuo chochote kwa kuwa, kama anavyoeleza mwenyewe, hakijajengwa chuo chenye hadhi ya kumtunuku. Hadhira inaombwa izime simu na kutulia.

Kiwango cha marejesho, kwa fasili inayokubaliwa hata na wapinzani wa Bingwa, ni uwiano wa faida kwa mtaji: gharama yote hutolewa katika mapato, tofauti inayobaki hugawanywa kwa gharama hiyo hiyo, kisha jawabu huzidishwa mara 100 ili lisomeke kwa asilimia. Aliyetoa shilingi 100,000 akaishia na 130,000 amepata marejesho ya asilimia 30, na wanazuoni wa kawaida huishia hapo wakaenda kunywa chai. Bingwa haishii hapo, kwa sababu utafiti wake, alioufanya peke yake na kuuhakiki peke yake, umethibitisha kwamba adui wa marejesho si hasara bali ni gharama, na kwamba gharama ambayo haikuandikwa popote haiwezi kupunguza faida hata kwa senti moja.

Uthibitisho wa nadharia hii ulionekana nchini Kenya katika miaka ya 2013 na 2014, wakati wa homa ya kufuga kware, ndege ambaye kisheria huhesabiwa kuwa wa porini na ambaye mfugaji wake alihitaji leseni ya shirika la wanyamapori, lakini ambaye mayai yake yalisifiwa kuwa yanatibu karibu kila maradhi yenye jina. Hesabu ya Bingwa ilikuwa nyoofu: majike 100 yanunuliwe kwa shilingi 500 kila moja, yaani mtaji wa shilingi 50,000, kila jike litage mayai 300 kwa mwaka, kila yai liuzwe kwa shilingi 50, mapato yatakuwa shilingi 1,500,000 na marejesho asilimia 2,900. Chakula hakikuingizwa katika hesabu, kwa kuwa ndege wa porini anatarajiwa kuwa na busara ya kujitafutia, na kwa hoja zenye uzito kama huo yaliachwa nje vizimba, umeme wa mashine ya kuangulia, ndege wanaokufa, leseni yenyewe na jasho la mfugaji, ambalo wachumi wakaidi husisitiza kuliita gharama kwa madai kwamba saa zilizotumika kufagia kinyesi zingeweza kutumika kutafuta kipato kwingine.

Swali la mnunuzi ni nani lilionekana kuwa la utovu wa adabu. Ukweli ni kwamba mnunuzi mkubwa wa mayai ya kware alikuwa mtu mwingine aliyetaka kuangua kware ili naye auze mayai, na kwa kuwa kware huanguliwa kwa takriban siku 18 na kuanza kutaga akiwa na wiki sita au saba, haukupita muda mrefu kabla kila mnunuzi hajageuka muuzaji. Bei ikaporomoka, na marejesho ya asilimia 2,900 yakabaki salama kabisa katika daftari, mahali ambapo hayajaguswa hadi leo.

Muda nao una nafasi yake katika sayansi hii, ingawa Bingwa hupendelea kutoutaja. Asilimia 30 iliyopatikana kwa mwaka mmoja si sawa na asilimia 30 iliyopatikana kwa miaka mitano, ambayo ni wastani wa asilimia 5.4 hivi kwa mwaka ikiwa faida huongezwa juu ya mtaji na yenyewe kuzaa faida. Hata hivyo, shujaa wa Bingwa katika uwanja huu ni Charles Ponzi wa Boston, ambaye mwaka 1920 aliahidi asilimia 50 ndani ya siku 45, kiwango ambacho kingerudiwa mara nane kingegeuza dola 100 kuwa zaidi ya dola 2,500. Kwamba waliotangulia walilipwa kwa fedha za waliofuata, na kwamba Ponzi aliishia gerezani, Bingwa huyaita matatizo ya kiutawala.

Kwa upande mwingine, dharau yake yote ameielekeza kwa hatifungani za serikali, yaani mkopo ambao mwananchi huipa serikali kwa riba iliyotajwa tangu mwanzo. Mwaka 2017 Kenya ilitoa hatifungani ya M-Akiba, iliyonunuliwa kwa simu kuanzia shilingi 3,000 na kulipa asilimia 10 kwa mwaka bila kodi. Mfumuko wa bei mwaka huo ulikuwa kama asilimia 8, hivyo ongezeko halisi la uwezo wa kununua lilikuwa asilimia 2 hivi, kiasi ambacho, kwa maoni ya Bingwa, hakimpi mtu chochote cha kujigamba harusini. Hisa za kampuni ya simu ya Safaricom nazo anazikataa: ziliuzwa kwa umma kwa shilingi 5 mwaka 2008, zikashuka chini ya bei hiyo, wengi wakauza kwa hofu, na waliozishika kwa uvumilivu, huku wakipokea gawio, ambalo ni sehemu ya faida ya kampuni wanayogawiwa wenye hisa, wakaziona zikivuka shilingi 40 mwaka 2021. Utajiri unaomtaka mtu akae kimya miaka 13 hauwezi kufundishwa kwa mhadhara, na kwa hiyo, Bingwa anahitimisha, si sayansi.

Mhadhara wa pili utahusu ufugaji wa sungura. Wanaotaka kuhudhuria wanaombwa walipe ada mapema, ambayo hairudishwi, na ambayo hadi sasa ndiyo kitega uchumi pekee cha Bingwa kilichowahi kumlipa.