Udongo wa Mrehani

Ilikuwa alale usiku mmoja tu. Kesho yake Chui, mtoto wa mbwa wa miezi minne, aende zake shamba Dole kulinda ndizi zisiliwe na kima. Bibi yangu ni Mshafii wa kwelikweli: mbwa wa kulinda shamba ana ruhusa, mbwa wa kuchezewa mjini hana. Na mate yake ni najisi nzito.

Mie nikamfungia uani, kwetu Mkunazini, nikamchezesha. Nilishika ncha moja ya tambara, yeye ncha ya pili, tukavutana hadi isha. Sikujua kwamba kwa umri ule meno ya utoto, yale 28, ndiyo yanang'oka kuyapisha 42 ya ukubwa, na fizi zinamuwasha usiku kucha. Kumbe nilikuwa namsomesha kwamba kila nguo ni ya kuvutwa.

Alfajiri Bibi akashuka kutia udhu. Kamba ya kuanikia ilikuwa chini. Doti yake mpya ya kanga, upande mmoja una pindo, wa pili hauna. Kubadhi la kulia limebaki soli, na juu ya soli kijino cheupe mfano wa punje ya mchele.

"Aka! We mwana, balaa gani hili umenitia?"

Kuosha mara saba, moja kwa udongo. Maji yapo. Udongo je? Nikatoka na kopo, Mkunazini hadi Kiponda, Kiponda hadi Hurumzi: mawe, chokaa, saruji. Mwaka 2000 UNESCO iliutia Mji Mkongwe kwenye Urithi wa Dunia. Asubuhi ile ningeuuza wote kwa gao la udongo. Nikarudi mikono mitupu. Udongo ulikuwa dirishani kwetu, ndani ya ndoo kuukuu ya mrehani wa Bibi. Akautazama mrehani, akanitazama mie, akaung'oa mwenyewe.

Shamba nilimpa kumbi la nazi atafune, fizi zikatulia. Ujana wake hauna hadithi: kukimbiza kima kulimtosha.

Sasa ana miaka 11. Majuzi nikamrushia kumbi kama zamani. Akaruka, akatua vibaya, nyonga ikamgomea siku mbili, na ndizi tukawaachia kima.

Mchezo wake wa sasa kauvumbua Bibi, ambaye hajamgusa hata siku moja. Anakaa barazani, kanga kaikusanya mapajani, anarusha dagaa wakavu majanini, mmojammoja. Chui hakimbii. Pua chini, macho yameingia ukungu, anatafuta kwa harufu tu.

"Watatu hao. Bado mmoja, mzee mwenzangu. Rudi nyuma kidogo."

Nikanyoosha kidole kumwonyesha alipo.

"Mwache atafute mwenyewe," Bibi akanikata. "Wewe ushacheza yako. Na mrehani wangu hujaulipa."