Sifa za Mbung'o, Jemadari wa Masurufu

Majemadari wengi wamejengewa masanamu, na farasi wa baadhi yao wamechongwa pamoja nao, kwato juu, kana kwamba mnyama naye alivipenda vita. Lakini yule aliyeamua, katika nchi hizi zetu, baina ya mwaka 1914 na 1918, askari ale nini, ale lini, na chakula chake kifike juu ya mgongo wa nani, hana hata jiwe moja lenye jina lake. Namkusudia mbung'o. Najua kwamba msomaji aliyepata kuumwa naye, hasa pale katikati ya mabega pasipofikiwa na mkono, hatafurahi kusikia akisifiwa. Namwomba astahimili kidogo.

Mtazame kwanza umbo lake, kama afisa akaguavyo askari kwenye gwaride. Ni mdogo, rangi yake ya kahawia iliyofifia, mbawa zake amezikunja moja juu ya nyingine kwa unadhifu ambao nzi wa nyumbani hana habari nao, na mdomo wake mkali ameuelekeza mbele daima, kama singe isiyotiwa alani. Hana gunia, hana sufuria, hana kuni, wala hangoji karani ampimie kibaba. Posho yake huifuata ndani ya mwili wa adui, huinywa hata tumbo likawa zito takriban kama yeye mwenyewe, kisha hutua kwenye gome la mti akastarehe. Wake kwa waume katika taifa lake hula chakula kimoja, yaani damu, daraja ambayo hata mbu hawakuifikia, kwani mbu dume huridhika na maji ya maua. Na mke wa mbung'o hatagi mayai mamia kwa mamia na kuyaacha ovyo. Huchukua mimba ya mtoto mmoja, humlisha tumboni kwa maziwa yake hata akapevuka, ndipo humzaa kivulini, na mtoto hujichimbia handaki lake mwenyewe mchangani. Napoleon, aliyeingia Urusi mwaka 1812 na jeshi kubwa ambalo masurufu yake hayakuweza kulifuata, angalitoa taji lake apate kikosi kimoja cha namna hii.

Utumishi wake haukuanza na vita vya Wajerumani. Misafara iliyotoka Bagamoyo kwenda Tabora na Ujiji ilikwenda juu ya vichwa na mabega ya wapagazi, wengi wao Wanyamwezi, kwa kuwa yeye alikwisha kuwafungia njia wanyama wa mizigo, wafao kwa ugonjwa wa kuumwa naye. Mwaka 1866 Livingstone alishusha Mikindani ngamia, nyati wa Kihindi, baghala na punda, ili aone ni yupi kati yao atakayemshinda mbung'o, hakumpata. Mwaka 1879 Mfalme Leopold wa Ubelgiji akaleta ndovu wanne kutoka Bara Hindi, wakashushwa Msasani, na hao kwa kweli waliumwa wasionekane kudhurika, wakaja kufa kwa mambo mengine. Na mbung'o, kwa uungwana wake, hakudai ushindi ule.

Alipokuja Jenerali Smuts mwaka 1916 kushika amri ya majeshi ya Waingereza, alikuwa na wapanda farasi wa Afrika Kusini, mabingwa wa kumzunguka adui kwa mbio katika nyika iliyo wazi, na ramani ilimwonyesha kuwa Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani, naye atazungukwa hivyo hivyo. Ramani haikumwonyesha mbung'o. Mwezi wa Aprili kikosi chake kilichoongozwa na Van Deventer kilitoka Arusha katika masika, kikaiteka Kondoa Irangi, na njia yote nyuma yake ikajaa mizoga. Kisha washindi wakakaa pale na njaa yao, maana mvua ilikuwa imeyazuia magari ya chakula katika tope.

Na hapa hapana budi kuusifu ustadi wake. Farasi aliyeumwa hafi papo hapo. Manyoya humsimama, macho humtoka machozi, uvimbe wa maji humteremkia chini ya tumbo na miguuni, mbavu zikaweza kuhesabiwa kwa mbali. Lakini hamu ya kula aghalabu haimtoki, hivi kwamba jeshi huendelea kumpa nafaka iliyovuka bahari, ikapanda reli kutoka Mombasa, ikaburutwa porini kwa jasho la watu, naye huila yote vizuri, ndipo hufa. Matabibu wa wanyama waliwanywesha aseniki, na sumu ile ikawaongezea siku chache za kula. Farasi, baghala, punda na maksai waliokufa mwaka ule huhesabiwa kwa makumi ya maelfu.

Basi unga uchukuliwe na nani? Na uchukuliwe na mtu. Hesabu yake ni nyepesi, ingawa sidhani kama wakubwa walipenda kuipiga mpaka mwisho. Mpagazi apewe mzigo wa ratili 50, naye ale ratili 2 kwa siku. Akienda siku 12 mpaka penye vita, na kurudi siku 12, atakuwa amekula ratili 48, na askari aliye mbele, aliyemngoja kwa bunduki na tumbo tupu, atapokea ratili 2. Ukimwongezea mwendo wa siku moja tu, askari hapati kitu. Ili yule wa mwisho ale, ilibidi wapagazi wachukuliwe chakula na wapagazi wengine, na hao nao na wengine, hata mwaka 1917 John Ainsworth akatumwa kukusanya watu wa Kenya wilaya kwa wilaya, wakatiwa katika kikosi cha wapagazi cha Oscar Watkins kwa mshahara wa rupia 5 kwa mwezi.

Watu waliozoea ndizi, au mchele, au mtama, walipewa unga wa mahindi uliosagwa vibaya, mara nyingi bila chungu cha kuupikia na bila wasaa, kwa kuwa walifika kambini usiku, kuni zimelowa, na alfajiri wanaamshwa. Wakaula mbichi nusu, na tumbo la kuhara damu likawamaliza kuliko risasi. Wafu waliotiwa daftarini peke yao walipita 40,000, na wanahistoria hukisia waliokufa kuwa karibu 100,000. Mpagazi walau alichongewa sanamu Nairobi mwaka 1928, kando ya askari. Mishahara ya wafu isiyodaiwa ikabaki hazina.

Wapo watakaosema kuwa vifo hivi ni juu ya mbung'o. Hasha! Yeye aliua maksai, na maana ya kuua maksai, kwa kila mwenye akili, ilikuwa kwamba katika nchi hii jeshi la namna hiyo halilishiki, basi warudi kwao. Kwamba mahali pa maksai atiwe binadamu, hiyo ilikuwa fikra ya watu wenye meza na wino.

Wala hakumpendelea Mjerumani. Huyo naye alitembea na wapagazi, akala maghala ya wenyeji kila alikopita, na majeshi ya pande zote mbili yalipokwisha kuchukua nafaka, ng'ombe na vijana wa Ugogo, mvua nazo zikakosekana, ikaingia njaa ambayo Wagogo waliiita Mtunya.

Katika kugawana nyara, Mwingereza alipewa Tanganyika, Mbelgiji akapewa Ruanda na Urundi, Mreno akapata pembe yake ya Kionga. Mbung'o hakualikwa Versailles, wala hakuhitaji. Mashamba yaliyokosa wenyewe yaligeuka vichaka, mifugo iliyokuwa ikila majani na kuyaweka chini haikuwapo, naye akaingia taratibu katika milki yake mpya bila mkataba. Serikali ikamtuma Charles Swynnerton kumtoa kwa kukata na kuchoma vichaka huko Shinyanga, kazi aliyoishika mpaka alipokufa katika ajali ya ndege mwaka 1938. Mbung'o wa jinsi moja walikwisha kupewa jina lake na wanazuoni, nao wangali wanauma kwa jina hilo mpaka upande wa Serengeti.