Meno Mazima, Kichwa Kibovu

Zipu ina tabia moja mbaya: haifi ukiwa na nafasi. Ya suruali hungoja usimamishwe mbele za watu kutoa shukrani kwa niaba ya ukoo. Ya gauni hungoja bajaji ipige honi nje. Ya begi hungoja usiku wa kuamkia safari, vitu vimeshashindiliwa, maduka yamefungwa. Yetu ilikuwa ya begi.

Ilikuwa Desemba, majira ambayo ukipita Stendi ya Magufuli utadhani Dar es Salaam nzima inahamia Moshi. Tulikuwa tunamsindikiza mama mkwe wangu kwake, baada ya kukaa nasi kumlea mke wangu aliyejifungua. Begi lenyewe lilikuwa shangazi kaja, lile la miraba myekundu na ya bluu, ambalo halijawahi kumwambia mtu kwamba limejaa. Ndani mlikuwa na blanketi, kanga za mashoga, sukari, na sufuria ambayo kila nikiitoa niliikuta imerudi.

Ili zipu ifunge, mama mkwe akalikalia begi. Sasa mkwe wa kiume hawezi kumwambia mama mkwe, "Inuka, unavunja." Nilichoweza kusema ni, "Mama, hutachoka?"

"Sijachoka, baba Neema. Vuta."

Nikavuta. Kichwa cha zipu kikateleza hadi mwisho bila ubishi, nami nikafurahi kwa muda wa pumzi moja. Kisha nyuma yake, katikati ya begi, meno yakaanza kuachia, upande huu na upande ule, hadi ncha ya blanketi ikachungulia nje.

Hapo ndipo kila mtu alipogeuka daktari. Mama mkwe aliagiza mshumaa. Mke wangu alileta kipande cha sabuni ya mche. Neema, ambaye alipaswa kuwa amelala, alikuja na penseli akapaka weusi mstari mzima kwa bidii ambayo sijawahi kuiona kwenye madaftari yake. Jirani yetu, aliyeingia kuaga, alirudi kwake mbio kuchukua mafuta ya nazi.

Niwatendee haki: mshumaa, sabuni na penseli ni dawa za kweli. Ila ni dawa za zipu ngumu, ile inayogoma kusogea. Yetu ilikuwa inasogea kuliko inavyotakiwa. Kuipaka nta ilikuwa sawa na kumnywesha haluli mtu anayeendesha tayari.

Na meno hayakuwa na kosa lolote. Zipu za mabegi haya mara nyingi hazina meno hasa, ni uzi wa nailoni uliosokotwa mizunguko mizunguko, na uzi huo ni mvumilivu. (Zipu ya chuma ni habari nyingine: jino likishang'oka, tafuta pini.) Ugonjwa ulikuwa kichwani. Ndani ya kile kichwa mna njia mbili upande wa mbele, zinazokutana na kuwa moja nyuma. Meno ya kushoto huingia kwake, ya kulia kwake, kisha hubanwa pamoja yakaumana. Kichwa kikivutwa miaka mingi na mabegi yaliyoshiba, bati lake la juu na la chini huachana kidogo tu, na kidogo hicho kinatosha: meno yanapita humo pamoja bila kushikana. Tiba ni kukirudisha kichwa mwanzo wa zipu, kukibana nyuma kwa koleo, kushoto kidogo na kulia kidogo, na kujaribu kabla ya kuongeza.

Nikayaeleza haya yote. Jirani akasema, "Ngoja nikaze," akachomoa koleo mfukoni. Huyu ni mtu aliyewahi kukaza koki ya bomba la uani hadi ikabaki mkononi mwake. Vichwa vingi vya zipu ni mchanganyiko wa zinki uliomiminwa kwenye kalibu, havipindi, hukatika. Chetu kilisema ta! Kipande kimoja kilikwenda chini ya kabati na hakijaonekana hadi leo.

Mama mkwe hakusema neno. Aliomba shazia na kamba ya katani, akalishona begi kama gunia la mahindi, na basi la saa kumi na moja alfajiri tukaliwahi.

Moshi, nyuzi zilipofumuliwa, begi tulilipeleka kwa fundi viatu. Wako wanaoshangaa zipu kutibiwa na fundi viatu, wakati zipu yenyewe ilianzia viatuni. Whitcomb Judson wa Chicago, aliyepewa hataza ya zipu ya awali mwaka 1893, alikuwa anatafuta kifungo cha viatu, na chake cha kulabu kilikuwa maarufu kwa kufunguka chenyewe, kwa hiyo aibu hii si ya jana. Meno tunayoyajua yalikuja na Gideon Sundback, Msweden aliyehamia Marekani, mwaka 1913. Hata jina la zipu lilienea kutokana na mabuti ya mpira, ya B.F. Goodrich, mwaka 1923.

Fundi wetu alikung'uta kopo la vichwa vya zipu, akajaribisha kimoja, akakikataa, akachagua kingine. Akachoma ncha za utepe kwa kiberiti zisichanike, akaziingiza pamoja kwenye kichwa kipya, akavuta. Ikafunga. Kisha akanusa vidole vyake.

"Hapa mmepaka nini?"

"Mafuta ya nazi," nikasema.

"Na hii nyeusi?"

"Penseli."

"Na hii inayonata?"

"Mshumaa. Na sabuni."

Akamgeukia mama mkwe. "Shikamoo mama. Mlikuwa mnalifunga begi au mnaliunga?"

"Marahaba mwanangu," akajibu mama mkwe. "Mwulize mkwe wangu, fundi wa Dar es Salaam."

Nikalipa.