Barua ya Wazi kwa Shirika Lisilokuwepo

Kwa Mkurugenzi,
Aid for Aid, Ofisi ya Kenya,
Nairobi.

KUH: OMBI LA UFADHILI

Bwana Mkurugenzi,

Sisi wakulima wa chai wa Kabianga tunajua kwamba shirika lenu ni la kubuni. Lilizaliwa katika The Samaritans, kichekesho cha televisheni cha Hussein Kurji wa Nairobi, kuhusu ofisi ya misaada isiyomsaidia yeyote. Hilo halitupi shida. Tumeshapokea wageni wenye magari makubwa ambao hatukuona tofauti yao na nyinyi, ila nyinyi mlituchekesha.

Tena tunawaamini kuliko wenzenu. Watayarishaji wenu walipohitaji fedha waliingia Kickstarter, wakaomba umma uwachangie. Kichekesho kuhusu kuombaomba, kimefanyiwa harambee! Hapo mlionyesha mnaielewa kazi. Isitoshe, mnadumu: USAID, shirika la misaada la Marekani lililoanzishwa 1961, lilifungwa Julai 2025. Nyinyi msiokuwepo bado mpo. (Hapa hatutanii sana: fedha za Marekani ndizo zilizolipia sehemu kubwa ya dawa za UKIMWI nchini, na aliyezimeza dawa hizo hakuwa mwigizaji.)

Sasa ombi. Hatutaki mradi. Hasa hatutaki semina ya kumjengea mkulima uwezo wa kifedha, yenye fulana, maji ya chupa, fomu ya kutia sahihi ili upate nauli, na chai ya mifuko. Chai ya mifuko, Bwana Mkurugenzi, huku Kabianga!

Uwezo tunao. Mama anayeamka alfajiri akachuma majani mawili na chipukizi, akajaza kikapu, akangoja lori kwenye kituo cha kupimia, akapokea kidogo mwisho wa mwezi, kisha akangoja bonasi hadi Oktoba ilhali karo haingoji, huyo ni mchumi tayari. Wa kupelekwa semina ni wale wanaomweleza kwamba chai yake huuzwa mnadani Mombasa kwa dola: dola ikipanda, mbolea inapanda, dola ikishuka, bonasi inashuka. Na bonasi ya wenzetu wa mashariki ya Bonde la Ufa inaishinda yetu, eti ni mambo ya soko.

Kwa hiyo tunaomba kamera tu. Njooni siku bonasi inapotangazwa, mrekodi yote anayoambiwa mkulima, neno kwa neno. Mwandishi wa vichekesho mwacheni Nairobi. Huku hatakuwa na kazi.

Wenu,
Wakulima wa Kabianga