Namna ya Kuunda Tume Isiyomkuta Mtu na Hatia

Mheshimiwa Mwenyekiti, hongera kwa uteuzi. Watu wamefia mikononi mwa askari jela, magazeti yanapiga kelele, nawe umepewa gari, posho na karani. Usihangaike kubuni mbinu mpya. Kazi hii ilikwisha kufanywa kwa ustadi kando ya mto Tana, nchini Kenya, mwaka 1959. Wewe nakili tu.

Anza kwa kuwahi kutoa taarifa kabla daktari hajagusa maiti. Tarehe 3 Machi mwaka ule, katika kambi ya kizuizini ya Hola, washukiwa wa Mau Mau, uasi dhidi ya ukoloni, waliokuwa wamegoma kufanya kazi walipelekwa kwenye mradi wa umwagiliaji, wakazungukwa na askari wenye marungu. Kumi na mmoja wakafa. Serikali ya kikoloni ikatangaza kwamba vifo vilitokea baada ya watu hao kunywa maji ya gari la maji. Tazama ufundi wa sentensi hiyo: haisemi maji yaliwaua. Inasema walikunywa, kisha wakafa, na msomaji ajijazie. Mwandishi wake alikosea mahali pamoja tu, pale alipoongeza kwamba hata askari walikunywa maji hayo hayo. Maji gani hayo yanayochagua koo la kupita? Wewe usiongeze neno.

Daktari ndiye atakayekusumbua. Hola, uchunguzi wa maiti ulikuta michubuko mingi na damu iliyovujia ndani ya miili. Kule gereza la Attica, jimboni New York, mwaka 1971, maafisa waliwaambia waandishi wa habari kwamba wafungwa walioasi waliwachinja mateka wao. Daktari akaipasua miili akakuta risasi, na wenye bunduki siku ile walikuwa upande wa serikali. Kwa hiyo, likizo za madaktari zipangwe mapema.

Ikiwa daktari amekwisha kusema, usipambane naye. Kubali kila kitu isipokuwa jina la mtu. Hapa ndipo hakimu aliyechunguza vifo vya Hola, W. H. Goudie, anapostahili kusomwa kwa makini, hata kama yeye mwenyewe hakukusudia kutufundisha. Alikiri waziwazi kwamba watu waliuawa kwa kipigo. Lakini nani alipiga pigo lipi? Na katika mapigo hayo, yapi yalikuwa ya halali, ya kumlazimisha mtu afanye kazi, na yapi yalipita kiasi? Haikuwezekana kujua. Marungu mengi, giza la ushahidi, na hakuna aliyefikishwa mahakamani kwa mauaji. Mkuu wa kambi alistaafishwa bila kupoteza kiinua mgongo chake. Jambo ambalo halikupewa uzito ni kwamba amri ya kuwalazimisha kwa nguvu ilikuwa imeandikwa kabla, ikaitwa Mpango wa Cowan kwa jina la afisa mkubwa wa magereza, na ikapata idhini ya wakubwa wa koloni. Watafute walioshika rungu. Walioshika kalamu, waache ofisini kwao.

Kelele zikizidi, unda kamati ya pili. Wajumbe wachague kwa busara: kesi ya nyani mpelekee ngedere. Kuchunguza kambi za Kenya aliletwa Fairn, kamishna wa magereza kutoka Uingereza. Siwezi kusema alikuwa mtu mbaya, na wala haikuhitajika awe mbaya, kwa sababu uhodari wote ulikuwa kwenye hadidu za rejea. Kamati iliagizwa kushughulikia uendeshaji wa kambi siku zijazo. Ya jana hayakuwa yake. Nakuomba, Mheshimiwa, ukariri maneno "siku zijazo", maana yana heshima, yana matumaini, na hayana maiti.

Jihadhari pia na watu wa kambi yako mwenyewe. Usiku wa tarehe 27 Julai 1959, katika mjadala wa Hola kwenye Bunge la Uingereza, aliyewachoma wakubwa kuliko wapinzani alikuwa Enoch Powell, mbunge wa chama tawala, mtu asiyejulikana kwa huruma kwa wageni. Alikataa hoja kwamba Afrika ipimwe kwa kipimo chake na Uingereza kwa kingine. Hata hivyo waziri wa makoloni, Lennox-Boyd, alibaki kitini.

Mwisho, nyaraka na walionusurika. Shehena ya nyaraka za koloni ilifichwa Hanslope Park, Uingereza, hadi kuwapo kwake kulipokiriwa mwaka 2011, katikati ya kesi ya walionusurika dhidi ya serikali ya Uingereza. Mmoja wa wadai watano wa mwanzo alikuwa Wambugu wa Nyingi, aliyepigwa Hola hadi kuzimia, akalazwa pamoja na maiti. Mawakili wa serikali walitumia hoja mbili za utetezi. Kwanza, deni ni la Kenya huru. Hilo likakataliwa, wakasema muda umepita mno, mashahidi wamekufa. Hii ya pili ndiyo tamu: kawia, kisha lalamika kwamba umekawia. Mahakama iliitupa nayo Oktoba 2012, na Juni mwaka uliofuata serikali ikakubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa watu 5,228, ikatoa majuto ya dhati, ikakataa dhima.

Ratiba yako, basi, ni miaka 54. Si wote kati ya wale wadai watano waliokuwa hai bado.