Mtoto Kapewa Saa, Mimi Napewa Fomu

Kule kwa Harry Potter wachawi wana wizara. Sisi Watanzania tuna Sheria ya Uchawi tangu 1928, ya kuwashtaki. Wenzetu wana waziri, makarani na ofisi zilizochimbwa chini ya jiji la London. Nisingejali, ila wizara hiyo ndiyo inayosimamia safari za kurudi nyuma katika wakati, na hapo ndipo shinikizo langu la damu linapopanda.

Chombo chenyewe ni kidude cha mchanga kinachovaliwa shingoni kwa mkufu. Ukikizungusha mara moja, umerudi nyuma saa moja. Sheria zake kali: usionekane, wala usibadili lililokwishatokea. Wapo wachawi waliojikuta wamejiua wenyewe, wa leo kamuua wa jana. Haya, kitu cha hatari hivyo ungempa nani? Daktari wa zamu? Zimamoto? Wizara ikampa Hermione, binti wa miaka 13, apate kuhudhuria vipindi vinavyogongana! Mwalimu wake, Profesa McGonagall, aliandika barua za kumwombea, akahakikisha kwamba ni kwa masomo tu, yakaisha. Mimi nikitaka kibali cha kujenga choo naambiwa nilete barua ya mtaa, na mwenyekiti wa mtaa yuko msibani.

Mwaka wa shule haujaisha, mkuu wa shule, Dumbledore, anawafungia Hermione na Harry wodini, anawakumbusha sheria vizuri kabisa, kisha anawadokezea kwamba mizunguko mitatu itatosha. Mkubwa huyo! Angekuwa mlinzi wa geti, angelala mahabusu.

Lakini linaloninyima usingizi ni hili. Mara ya kwanza walisikia shoka likipiga, wakajua hipogrifu wao, mnyama nusu tai nusu farasi, kachinjwa. Waliporudi nyuma wakagundua mchinjaji alikuwa anapiga uzio kwa hasira, mnyama keshatoroshwa, na waliomtorosha ni wao. Harry naye alidhani marehemu baba yake ndiye aliyemwokoa aliposhambuliwa kando ya ziwa, kumbe ni Harry mwenyewe. Yaani hakuna kilichobadilika hata chembe. Sasa wizara inakataza nini? Ni sawa na kumpiga marufuku samaki kupanda mnazi.

Mpwa wangu, wakili wa hawa watu hapa nyumbani, ananijia juu: “Mjomba, kwenye tamthilia yao ya 2016 wakati unabadilika, tena unaharibika vibaya!” Ahsante. Kumbe hata sheria za maumbile zinafanyiwa marekebisho, na wananchi hatukushirikishwa.

Tena utunzaji wenyewe! Katika kitabu cha tano, cha 2003, vijana wanapigana mlemle wizarani, kabati la vioo linaanguka, na akiba yote ya vidude hivyo inasagika. Yote, kabati moja. Stoo ya chaki katika shule ya mtaani kwetu ina kufuli mbili.

Na bado naomba Mungu kidude hicho kisifike huku. Nawajua wenye mihuri. Utaambiwa ulete nakala ya kitambulisho chako, na ya yule wewe wa jana, picha za wote wawili, mandhari ya bluu, na wakili agonge muhuri mkiwa pamoja mbele yake, ingawa sheria inasema msionane. Ukishakamilisha, dada wa mapokezi atakutazama, ataitazama saa ya ukutani, atafunga faili.

“Afisa ametoka, baba. Njoo jana.”