Sifa za Mbigili

Sisi tuliozaliwa miaka ya 1980 tukakulia Magu, tukikutana tu tunaanza kuusifu utoto wetu: chandimu kwa mpira wa matambara, kombolela mpaka giza liingie, kuchunga ng'ombe kandokando ya Mto Simiyu, kuogelea Ghuba ya Speke (kichocho tulichokiokota humo kinastahili makala yake). Mkongo wa SEACOM ulipotua Dar es Salaam mwaka 2009 na intaneti ya kasi, tulikuwa tumeshaota ndevu. Yote hayo husifiwa. Anayesahauliwa ni mbigili, naye ndiye aliyetulea.

Hana makuu. Hutambaa chini, maua yake madogo ya manjano, hadai mbolea wala jembe. Pamba ilimhangaisha bwana shamba kila msimu; mbigili hakumsumbua hata siku moja. Tunda lake likikauka hupasuka vipande vitano, na kipande kikianguka vyovyote, mwiba mmoja hutazama juu, unakusubiri.

Simu ya leo ina milio chungu nzima. Mbigili alikuwa na mlio mmoja, nao ulitoka kinywani mwako. Ndiyo maana nikimsikia mtu akidai utotoni alitembea akitazama nyota, najua huyo alikuwa na viatu. Tena viatu vya maana, kwani kandambili mbigili alizitoboa bila kusita. Katambuga za tairi pekee ndizo alizozistahi.

Akishakuchoma, mpira ulisimama. Ulikaa vumbini, mguu juu ya paja la mwenzako, hata kama asubuhi mlitukanana, naye akauchokonoa mwiba kwa mwiba wa mgunga huku akikucheka.

Na mafundi baiskeli, nani aliwalisha? Mwezi Juni, watu wakielekea Bujora kwenye ngoma za Bulabo kuwaona Wagika na Wagalu wakishindana, pancha zilipangwa foleni. Beseni la maji, msasa, solusheni, kiraka. Ukingoja zamu yako ulipata habari zote za barabara ya Mwanza na Musoma, nani kaoa, ng'ombe wa nani wameibwa, bila bando.

Sasa wenzangu wanalalamika kwamba watoto wao hawatoki nje. Wanalalamika wakiwa sebuleni, simu mkononi. Nawashauri wawavue watoto viatu, wawafungulie mlango. Mbigili hajahama, yupo palepale. Wangu nimewanunulia raba za soli nene.